Usivunje Mlango: Ushauri kwa Wenye Kijana Aliyejifungia Ndani

Machi 2023 serikali ya Japani ilitoa matokeo ya uchunguzi wake: watu takriban 1,460,000 wenye umri wa miaka 15 hadi 64 walikuwa wakiishi wamejitenga na jamii. Ni kama wawili katika kila watu mia wa umri huo. Baadhi yao hawatoki chumbani kabisa. Wengine huzunguka humo humo nyumbani, au hutoka mara moja moja usiku kufika dukani, kisha hurudi kujifungia. Hawaendi shule, hawaendi kazini, hawana rafiki wa kutembeleana naye, na hali hiyo imedumu miezi sita au zaidi. Wajapani huwaita hikikomori, jina lililoenea baada ya daktari wa magonjwa ya akili Tamaki Saito kuchapisha kitabu chake mwaka 1998. Nimeichagua Japani kwa kuwa ni vigumu kupata nchi nyingine iliyoishi na tatizo hili kwa muda mrefu hivyo na kulijadili hadharani, ikajaribu dawa za kila namna, zilizofaa na hata zilizoua. Mzazi wa Tanga au Kisumu ambaye kijana wake ameacha kutoka ndani hana haja ya kurudia makosa ambayo wenzake wameshayalipia.

Ninachotaka kukisema ni kimoja. Anayejifungia ndani mara nyingi amefungiwa na aibu. Kila msaada anaopewa na upimwe kwa swali hili: unampunguzia aibu au unamwongezea? Ukimwongezea, hata uwe umetolewa kwa mapenzi makubwa namna gani, utamsukuma ndani zaidi. Ukimpunguzia, hata uwe mdogo kama salamu, unamsogeza karibu na mlango.

Tazama jinsi mambo yanavyoanza. Huko Japani wengi huanzia shuleni: mtoto ameonewa na wenzake, au ameshindwa kwenda na mwendo wa masomo, anakosa siku moja, kisha wiki. Katika mwaka wa masomo wa 2023 wanafunzi zaidi ya 340,000 wa shule za msingi na sekondari za chini walihesabiwa kuwa wameacha kuhudhuria kwa muda mrefu. Wengine huanzia kwenye ajira. Kampuni za Kijapani zimezoea kuajiri wahitimu wapya wote kwa mkupuo, mara moja kwa mwaka, kwa hiyo waliomaliza vyuo baada ya uchumi kuanguka, tangu mwaka 1993 hadi karibu 2005, walikuta mlango umefungwa, na mwaka uliofuata wakawa tayari ni bidhaa ya zamani. Kijana aliyeshindwa hujificha siku chache apate nafuu. Siku zile chache nazo zinakuwa jambo jingine la kueleza. Akikutana na mtu ataulizwa, "Siku hizi uko wapi? Unafanya nini?" Hana jibu, basi anaepuka watu wasimuulize, na kadiri anavyowaepuka ndivyo jibu linavyozidi kuwa gumu. Wazazi nao huona haya, wakaacha kualika wageni, wakawadanganya ndugu kwamba kijana amesafiri. Saito alieleza kwamba mtu, familia yake na jamii kwa kawaida hugusana. Katika hali hii miunganiko yote miwili hukatika, kijana asizungumze na wazazi wake na wazazi wasizungumze na ulimwengu. Ndiyo maana nyumba nzima huugua.

Wako watakaosema kwamba haya ni ya Tokyo, ya watu wenye vyumba vyao na wazazi wa kuwalisha, na kwamba kwetu hakuna mtu wa kukaa ndani mwaka mzima. Hoja hii ina chembe ya ukweli, maana ufukara humtoa mtu nje atake asitake. Lakini mwaka 2005 watafiti, akiwamo Samir Al-Adawi wa Chuo Kikuu cha Sultan Qaboos, waliandika juu ya kijana wa Oman mwenye dalili zile zile, katika nchi ya familia kubwa, wageni wasiokatika na swala za jamaa. Watafiti wengine wakiongozwa na Alan Teo wamewapata watu wa namna hiyo India, Korea Kusini na Marekani. Na ripoti ya Shirika la Afya Duniani ya mwaka 2025 ilionyesha kwamba upweke huwagusa watu wapatao 24 katika kila mia kwenye nchi za kipato cha chini, ilhali katika nchi tajiri ni 11. Upweke si sawa na kujifungia, lakini takwimu hiyo inatosha kutuzuia kujidanganya kwamba wingi wa watu nyumbani ni kinga. Mahali ambapo matokeo ya kidato cha nne hujulikana mtaa mzima kabla ya jua kutua, na ambapo mwenye shahada asiye na kazi hukumbushwa ada iliyolipwa kila anapoonekana, aibu haikosi malisho. Kijana asiye na chumba chake anaweza kujifungia bila mlango: akalala mchana kutwa, akala watu wakishaondoka, akatokea uani wageni wakiingia sebuleni.

Pingamizi lililo zito zaidi ni lile la uvivu. "Mkatie chakula, atatoka mwenyewe." Wanaosema hivyo wangesoma habari za Fujisato, mji mdogo wa mkoa wa Akita, kaskazini mwa Japani, wenye wakazi wasiofika 4,000. Baraza la ustawi wa jamii la mji huo lilipita nyumba kwa nyumba kuwatafuta waliojitenga na likakuta watu 113 wenye umri wa miaka 18 hadi 55. Hakuna aliyetarajia idadi hiyo katika mji ambamo wengi wanafahamiana kwa majina. Wafanyakazi wa baraza walianza kwa kuwaalika kwenye michezo na burudani, wakidhani watu wapweke wanahitaji kuchangamshwa. Hawakuja. Baadaye likatoka tangazo la mafunzo ya kazi, ya kuhudumia wazee majumbani, na hapo watu waliokuwa hawaonekani wakaanza kujitokeza. Mwaka 2010 kikafunguliwa kituo ambamo waliokuwa wamejifungia walifanya kazi halisi: kuhudumu katika mgahawa wa tambi, kuoka vitafunio vya uyoga wa eneo hilo na kuviuza. Mvivu aliyealikwa kwenye michezo na kwenye kazi angechagua michezo. Hawa walichagua kazi, maana anayekwenda kwenye burudani ya waliojitenga huonekana anahurumiwa, na anayekwenda mafunzoni huonekana ni mtu mwenye shughuli zake.

Juu ya kumtoa kijana kwa nguvu, historia imeshatoa hukumu. Japani zilizuka biashara za watu wanaolipwa na wazazi kuvunja mlango na kumbeba kijana hadi bwenini. Mwaka 2006 kijana wa miaka 26 alichukuliwa hivyo akapelekwa katika kituo kimoja mjini Nagoya, akafungwa minyororo, akafa humo. Mwaka 2019 mahakama ya Tokyo iliamuru kampuni moja ya aina hiyo imlipe fidia mwanamke iliyemchukua bila ridhaa yake. Nasi tusijione salama, kwani ripoti ya Human Rights Watch ya mwaka 2020 kuhusu watu wenye matatizo ya akili wanaofungwa minyororo ilitaja nchi zipatazo 60, Kenya ikiwamo. Hata aliyenusurika katika kuburutwa amejifunza jambo moja, kwamba wazazi wake hawaaminiki. Atakaporudi, na wengi hurudi, mlango huo utakuwa mgumu kuliko mwanzo.

Kosa la pili ni kinyume cha hilo, na ndilo la watu wapole: kumwacha, wakitumaini kwamba akikua ataacha. Uchunguzi uliotolewa mwaka 2019 ulihesabu watu 613,000 wenye miaka 40 hadi 64 waliojitenga, karibu nusu yao kwa miaka saba au zaidi. Wajapani sasa wanalizungumzia tatizo hili kwa namba mbili, 80 na 50, yaani mzazi wa miaka 80 anayemlisha kwa pensheni yake mtoto wa miaka 50, na hakuna anayejua nani atamtunza nani mmoja akianguka. Muda peke yake hauponyi chochote hapa. Ile miezi sita ni kipimo cha watafiti wanaotaka kuhesabu, wala mzazi asiigeuze kuwa muda wa kusubiri. Wiki sita za kukwepa watu wote zinatosha kuanza kutafuta msaada.

Na simu je? Wengi huanza na kuzima intaneti. Nawaomba wakumbuke kwamba kitabu cha Saito kilitoka 1998, simu janja hazijaenea, na alikuwa akieleza vijana waliokaa vyumbani kwa miaka. Michezo ya kompyuta na mitandao huujaza utupu ambao tayari upo. Ni kweli kwamba inaweza kuurefusha, hasa ikigeuza usiku kuwa mchana, na kubeti kunaweza kuleta deni juu ya aibu. Lakini kwa kijana wa namna hii huenda bando ndilo uzi wa mwisho unaomfunga na binadamu wengine. Ukimkatia kwa hasira umemkata na wale wachache aliobaki nao. Zungumza naye kuhusu saa za kulala baadaye, mkishaweza kuzungumza.

Kabla ya mbinu zozote, hakikisha kwanza kama kuna ugonjwa. Kujitenga kunaweza kuwa sura ya sonona, ya hofu kali ya watu, ya usonji ambao haukutambuliwa utotoni, au mwanzo wa skizofrenia. Akisema anasikia sauti, akiamini anafuatiliwa, akiongea na asiyeonekana, akiacha kula au kuoga kabisa, mpeleke hospitali ya wilaya au kaunti bila kungoja, ambako wataweza kumpa rufaa kwa wataalamu wa hospitali kama Muhimbili, Mirembe, Mathari au Butabika. Ukihofia kwamba anawaza kujiua, muulize waziwazi. Shirika la Afya Duniani limesisitiza kwamba kumuuliza mtu hakumtii wazo hilo kichwani, na wengi hupata nafuu kwa kuulizwa tu. Kwa walio chini ya miaka 18, namba 116 hupigwa bure Tanzania na Kenya. Ukitaka sheikh au padri amwombee, mwite anayejua kukaa na mtu kwa upole. Dua haizuii dawa, na dawa haizuii dua. Ila kumtangazia kijana mbele ya ukoo kwamba amerogwa au ana jini ni kumpa jina jipya la kujificha nalo.

Kama hakuna hatari ya namna hiyo, kazi inaanza kwa wazazi. Hili ndilo wasilolitarajia, na ndilo Japani imelijifunza kwa taabu. Tangu mwaka 1999 familia huko zina shirikisho lao, KHJ, na tangu 2009 serikali imefungua vituo vya ushauri mikoani ambavyo humpokea mzazi hata kijana asipofika. Takahiro Kato na wenzake, wakiwa Chuo Kikuu cha Kyushu, walitengeneza mafunzo ya wazazi yanayochota sehemu ya mbinu zake kutoka Marekani, kwenye utaratibu uliobuniwa kwa ajili ya jamaa za walevi wasiotaka kutibiwa. Msingi wake ni kwamba ukishindwa kumfikia mgonjwa, mbadilishe anayeishi naye. Mzazi hujifunza kugundua ni maneno gani yanaufunga mlango na yapi yanauacha wazi, na kumtia moyo kijana pale anapopiga hatua yake mwenyewe badala ya kumsubiri akosee.

Kwa lugha ya nyumbani maana yake ni hii. Mahubiri ya mlangoni yakome, na kumlinganisha na mtoto wa jirani kukome leo. Mpe salamu isiyodai kitu: "Mwanangu, chai iko mezani, nimekuwekea na maandazi." Usiongeze neno. Asipojibu, usirudi kugonga. Kesho mpe nyingine. Akitoka ukumbini baada ya wiki mbili, mpishe apite kama mtu yeyote wa nyumba hiyo. Usishangilie, wala usimwambie kwamba leo jua limechomoza magharibi, kwa sababu kejeli ya mapenzi nayo ni kejeli. Mwambie jambo dogo lisilogusa hali yake, kwamba mvua imeharibu barabara au kwamba timu yake imeshinda. Majirani wakiuliza, jibu kwa ufupi pasipo uongo: "Hajambo, hajisikii vizuri siku hizi, anaendelea polepole." Uongo wa kwamba amesafiri utamlazimisha ajifiche hata dirishani. Nawe mama, nawe baba, endeleeni kwenda harusini, msikitini, kanisani na kwenye vikoba. Mzazi anayeacha maisha yake ili amlinde kijana humbebesha mzigo wa hatia juu ya ule alio nao.

Baadaye mtafutie mtu mmoja kutoka nje. Shirika la New Start la Chiba limekuwa likituma vijana wa kike na wa kiume kuwa kama dada au kaka wa kuazima: huandika barua kwanza, kisha huja kuketi upande wa pili wa mlango, na inaweza kuchukua miezi kabla ya kuonana uso kwa uso. Sisi hatuna haja ya kuazima. Tunaye bibi mwenye utani na mjukuu, mjomba asiyefoka, rafiki wa shule ambaye naye alirudia mtihani. Chagua mmoja, asiwe kikao. Kikao cha ukoo cha kumjadili kijana ambaye yumo chumba cha pili anasikiliza ni miongoni mwa adhabu kali tunazotoa bila kujua. Huyo mmoja aje kwa jambo lake, aahidi kutosambaza atakayoyasikia, na aje tena hata akikataliwa.

Hatua inayofuata ni kazi, na hapa somo la Fujisato linatufaa kuliko mahali pengine. Mpe shughuli ambayo kweli inahitajika, isiyomweka mbele ya macho ya watu wengi kwa mara moja: hesabu za duka, kumbukumbu za kikundi cha kuweka akiba, kuku, bustani ya mchicha, kutengeneza simu ya bibi iliyokwama. Isiwe kazi ya kubuniwa ili aonekane ana shughuli, kwa sababu atagundua. Kama mtu mwingine angelipwa kwa kazi hiyo, naye alipwe. Kama anapewa fedha ya matumizi, iwe kiasi kinachojulikana, siku inayojulikana, asilazimike kuomba kila mara wala kuiba.

Mtu ataniuliza kama huku siko kumdekeza. Kudekeza ni kumwondolea mtu wajibu wote, nami nasema arudishiwe wajibu, kidogo kidogo, kwa kipimo anachoweza kukibeba. Mipaka ibaki. Hakuna kumpiga mama, hakuna kuvunja vyombo, na akifanya hivyo mama aondoke nyumbani kwa muda, amweleze kwa utulivu kwa nini ameondoka, na kama hatari ni kubwa aite msaada. Upole usio na mpaka humtisha kijana mwenyewe, kwa kuwa anaona hakuna mtu mzima aliyesimama. Wala tusimsahau binti. Uchunguzi wa mwaka 2023 ulikuta wanawake kuwa zaidi kidogo ya nusu ya waliojitenga wenye umri wa miaka 40 hadi 64, baada ya miaka mingi ya kudhani kwamba ni tatizo la wavulana. Msichana asiyetoka huitwa mtulivu, mwenye adabu, anayemsaidia mama jikoni, na hakuna anayeuliza mara ya mwisho kuonana na rafiki ilikuwa lini.

Kijana unayesoma haya ukiwa humo ndani, nakwambia jambo moja tu. Usingoje upate jibu zuri la "unafanya nini siku hizi" ndipo utoke. Jibu la "sijambo, bado natafuta" linatosha, na asiyetosheka nalo hana haki ya jingine. Mtumie ujumbe mtu mmoja unayemwamini. Toka saa ambayo watu ni wachache, alfajiri au jioni, ufike kona ya kwanza na urudi. Ukishindwa leo, hiyo ni leo.

Safari hii ina kurudi nyuma. Atatoka wiki tatu, kisha atajifungia mwezi, na watu watakwambia kwamba mbinu imeshindwa. Usikubali kuongozwa na hasira ya siku hiyo. Wiki hii nenda kwa afisa ustawi wa jamii wa kata yako au kwa muuguzi wa afya ya akili wa kituo kilicho karibu, mweleze kila kitu bila kuficha, hata kama utakwenda peke yako na kijana akabaki nyumbani. Na usiku wa leo, ukipita mbele ya chumba chake, mtakie usiku mwema kwa jina lake, kisha uende ukalale.